Ufunguzi wa Kiitaliano kwenye chesi: kuanzia Greco, na hatua zinazowaponza wachezaji wa Arusha na Moshi

Mlinzi wa f7 (Kijenge, Arusha)

Wakuu, heshima kwenu. Ukipita kwenye mashindano ya wikiendi, iwe Arusha au Moshi, ufunguzi utakaoukuta kwenye mbao nyingi ni huu: 1.e4 e5 2.Nf3 Nc6 3.Bc4. Wanaoucheza ni wengi, wanaojua kwa nini hatua ya tano inatangulia ya sita ni wachache. Tuuchambue hapa, mwenye nyongeza aongeze.

Kwa wageni wa herufi: K ni mfalme, Q malkia, R ngome, B askofu, N farasi, na askari hana herufi. O-O ni kumficha mfalme upande mfupi, x ni kula, + ni cheki, # ni chekimeti. ! ni hatua nzuri, ? ni kosa, ?? ni kosa kubwa. Nukta tatu kabla ya hatua maana yake ni zamu ya mweusi.

Kwanza, askofu anafuata nini c4? Anaitazama f7. Mchezo unapoanza, f7 inalindwa na mfalme peke yake, hakuna kete nyingine inayoigusa. Hilo halikuwa na uzito wowote kwenye sataranji ya zamani ya Waajemi na Waarabu, kwa sababu kete iliyosimama pale alipo malkia wa leo ilikwenda mraba mmoja tu kwa mshazari, na iliyosimama pale alipo askofu iliruka miraba miwili basi. Mwishoni mwa karne ya 15 huko Ulaya kete hizo mbili zikapewa mwendo mrefu tulionao leo, na ghafla f7 ikawa jeraha. Kiitaliano kimezaliwa na mabadiliko hayo.

Aliyekikoleza ni Gioachino Greco, mtu wa Calabria, Italia ya kusini, aliyezaliwa karibu na mwaka 1600. Miaka ya 1620 alizunguka Paris na London akiwauzia matajiri daftari za michezo aliyoiandika kwa mkono. Mingi inaaminika ni ya kutunga, lakini mashambulizi yake yanafundishwa mpaka leo. Maarufu zaidi ni hili:

1.e4 e5 2.Nf3 Nc6 3.Bc4 Bc5 4.c3 Nf6 5.d4 exd4 6.cxd4 Bb4+ 7.Nc3 Nxe4 8.O-O

Mweupe ametoa askari wa e4 ili mfalme wa mweusi abaki katikati. Mweusi akijaa tamaa: 8...Nxc3 9.bxc3 Bxc3 10.Qb3 Bxa1? 11.Bxf7+ Kf8 12.Bg5 Ne7 13.Ne5, na hapo mweusi ana ngome nzima ya ziada ila kete zake zimefungwa, malkia hana pa kwenda, mfalme yuko uchi. Anapoteza. Hesabu ilikuwa ya kusimama hatua ya 10: badala ya kula ngome, 10...d5! inamziba askofu wa c4 na kumfungulia njia askofu wa c8. Wanaokariri mtego huu bila kuijua 10...d5 wanashtuka sana wakikutana na mtu aliyejiandaa.

Hatua ya 8 bora kwa mweusi ni 8...Bxc3. Mwishoni mwa karne ya 19 Mdenmark Jørgen Møller alipendekeza 9.d5, akiacha kete ikiliwa. Mstari unaendelea 9...Bf6 10.Re1 Ne7 11.Rxe4 d6 12.Bg5 Bxg5 13.Nxg5. Hapa mweusi akicheza 13...O-O anakaribisha 14.Nxh7, na wote wawili wakicheza sawasawa ni sare. Akicheza 13...h6 anamwambia mweupe alete ushahidi, na ushahidi ni mgumu kupatikana. Ndiyo maana Møller haionekani sana kwa wakubwa.

Kama hutaki vurugu baada ya 6...Bb4+, ipo 7.Bd2 Bxd2+ 8.Nbxd2. Mweusi ni LAZIMA acheze 8...d5! hapo hapo. Akichelewa hatua moja, askari wa d4 na e4 wanaanza kutembea na kumkanyaga. Baada ya 9.exd5 Nxd5 10.Qb3 Nce7 mchezo uko sawa: mweupe ana uwanja mpana, mweusi ana askari wa d4 aliye peke yake wa kumwinda.

Na mweusi asirudi nyuma hatua ya 6. 6...Bb6? 7.d5 inamfukuza farasi wa c6, kisha e5 inamfukuza wa f6. Kosa hilo bado linaadhibiwa.

---

Chalii wa Ngarenaro

Shikamoo mkuu. Hayo ya d4 na Bd2 ni ya wazee. Mimi 3...Nf6 nikiiona naruka na 4.Ng5 moja kwa moja. Mechi za dakika kumi watu hawatoki pale!

---

Mlinzi wa f7

Marahaba chalii. 4.Ng5 ni hatua halali kabisa, japo Tarrasch, mchezaji mkubwa wa Ujerumani wa zamani, aliibeza kuwa ni ya mchezaji dhaifu. Tatizo lako litakuwa umejiandaa kwa mtu anayekosea tu.

Kosa unalolitegemea ni hili: 4...d5 5.exd5 Nxd5? 6.Nxf7! Kxf7 7.Qf3+. Farasi wa d5 anashambuliwa na malkia na askofu, na mfalme yuko kwenye cheki. Akikimbilia 7...Kg8?? inakuwa 8.Bxd5+ Qxd5 9.Qxd5+ Be6 10.Qxe6#. Hivyo mfalme analazimika kutoka mbele, 7...Ke6, kumlinda farasi kwa mwili wake. Unaendelea 8.Nc3 Ncb4 9.O-O c6 10.d4, unafungua katikati kabla hajapumua. Angalizo: wachezaji wengi hapa Arusha wakifika 8.Nc3 wanaanza kutoa cheki ovyo. Cheki isiyoleta kete mpya inamsogeza mfalme wake kwenye usalama. Lete d4, lete ngome e1, kisha ndiyo piga.

Kuna waliotulia zaidi wanaopendelea 6.d4 badala ya 6.Nxf7. Nayo ni kali vilevile.

Sasa mweusi anayejua atacheza 5...Na5. Unajibu nini?

---

Chalii wa Ngarenaro

6.Bb5+ c6 7.dxc6 bxc6 halafu askofu anarudi e2. Niko na askari mmoja wa ziada mkuu.

---

Mama Farasi (Moshi)

Sawa mwanangu, una askari mmoja, lakini tazama atakachofanya: 8.Be2 h6 9.Nf3 e4 10.Ne5 Bd6. Mweusi kakufukuza farasi mara mbili, kila kumfukuza ni hatua ya bure kwake. Kete zake zote zinatoka, zako za upande wa malkia hazijagusa udongo. Askari mmoja huyo utamlinda kwa jasho. Kwa watoto ninaowaelekeza naweka sharti: asiyeweza kucheza hatua kumi za mweupe kuanzia hapo bila kupoteza kete, haruhusiwi 4.Ng5.

Zipo njia mbili za kupunguza maumivu. Ya kwanza ni 8.Bd3, inaonekana mbaya kwa sababu inamfunga askari wa d2, lakini inampa farasi mraba wa e4 wa kurudia, na siku hizi wakubwa wanaicheza. Ya pili iko hatua ya 9: baada ya 8.Be2 h6, farasi anakwenda 9.Nh3, pembeni kabisa. Steinitz, bingwa wa kwanza wa dunia, aliishikilia dhidi ya Mrusi Chigorin kwenye michezo yao ya simu ya waya mwaka 1890 na 1891, watu wakamcheka. Mwaka 1963 Bobby Fischer akaitoa kabatini dhidi ya Bisguier na akashinda. Mantiki: pale h3, ...e4 haimfukuzi mtu. Na mweusi akimla kwa askofu wa c8, Bxh3 gxh3, kweli askari wako wanaharibika, ila maaskofu wawili wanabaki kwako.

Chalii, kuna jambo jingine usilolisema. Ukicheza 4.Ng5, mpinzani anaweza kukuachia f7 makusudi: 4...Bc5. Usiparamie kwa farasi. 5.Nxf7 Bxf2+ ni moto, na asiyekariri anaungua. 5.Bxf7+ Ke7, kisha askofu anarudi b3 au d5, una askari wako na mfalme wake hawezi tena kujificha.

---

Mgeni wa drafti (Mbauda)

Wakuu samahani kuingilia. Sisi tuliotoka kwenye drafti tumezoea kete ikisogezwa mbele yako, unakula. Sasa naona watu wanatoa askari bure hatua ya nne, b4. Hiyo inakuwaje?

---

Mlinzi wa f7

Karibu sana ndugu. Kwenye chesi kula ni hiari, na hapo ndipo wengi mnaotoka vijiwe vya drafti mnapokamatwa. Mkono unakwenda wenyewe.

Hiyo ni gambiti ya Evans: 1.e4 e5 2.Nf3 Nc6 3.Bc4 Bc5 4.b4. Kapteni William Davies Evans, baharia wa Wales, aliibuni miaka ya 1820. Mweupe anatoa askari wa b4 ili apate hatua moja: 4...Bxb4 5.c3 inampiga askofu, askofu anakimbia, kisha 6.d4 inakuja kwa nguvu. Yaani umelipa askari mmoja ukanunua katikati yote ya ubao pamoja na muda.

Mwaka 1852 Berlin, Adolf Anderssen alimpiga Dufresne kwa ufunguzi huu katika mchezo ambao dunia inauhesabu kati ya mizuri kuliko yote. Mwaka 1995 kule Riga, Kasparov alimtolea Anand: 5...Be7 6.d4 Na5 7.Be2 exd4 8.Qxd4, na Anand akasalimu amri hatua ya 25. Kumbuka aliyepigwa ni Anand, aliyekuja kuwa bingwa wa dunia, siyo mtoto wa darasa la tano.

Ukiwa mweusi, usile kila kinachowekwa. 5...Ba5 6.d4 exd4 7.O-O dxc3? ni karamu ya sumu: umeshiba askari watatu, halafu 8.Qb3 na f7 inawaka moto kutoka pande mbili. Dawa ya Lasker ni kurudisha ulichokula: 5...Ba5 6.d4 d6 7.O-O Bb6! Mweupe akitaka askari wake, 8.dxe5 dxe5 9.Qxd8+ Nxd8 10.Nxe5 Be6, malkia wameondoka, shambulizi limekufa, na askari wa mweupe upande wa malkia wamepasuka. Huyu ndiye Emanuel Lasker aliyekaa na ubingwa wa dunia kuanzia 1894 hadi 1921. Asiyependa kula kabisa anacheza 4...Bb6 na anaishi.

---

Bwana London (Njiro)

Mnajitesa bure. 1.d4, 2.Bf4, e3, c3, Nd2, Bd3. Hatua zilezile kila siku, hakuna kukariri, hakuna Greco. Ding Liren alishinda mchezo wa 6 wa fainali ya dunia Astana 2023 kwa mfumo huu huu wa London.

---

Mlinzi wa f7

Mkuu, Ding alishinda kwa kuona ubao wote, si kwa kuweka askofu f4. Na hiyo "hatua zilezile" ndiyo inayowaua watu wako. 1.d4 d5 2.Bf4 c5 3.e3 Nc6 4.c3 Qb6, mweusi anaipiga b2 kwa sababu askofu aliyekuwa anailinda ameondoka c1. Unajibu 5.Qb3, anasukuma 5...c4, unarudi 6.Qc2, naye 6...Bf5! Anayecheza kwa mazoea anamla askofu: 7.Qxf5 Qxb2, na ngome ya a1 haina pa kukimbilia. Hatua salama ilikuwa 7.Qc1. Umekariri kidogo au hujakariri?

London ni mfumo mzuri. Ila anayeanza nao hajifunzi f7, hajifunzi kufungua katikati, hajifunzi kwa nini mfalme afichwe mapema. Turudi kwenye mada.

---

Mama Farasi

Mlinzi, ongelea d3, maana umetumia muda mwingi kwenye d4 na huku Moshi robo tatu ya makosa ninayoyasahihisha ni ya d3. Mtoto anacheza O-O, d3, Nc3, Bg5 kwa mpangilio wowote unaomjia.

---

Mlinzi wa f7

Ni kweli mama, na hapa ndipo penye mali.

Kwanza kwa nini dunia imerudi kwenye d3. Mwaka 2000 London, Kramnik alimvua Kasparov ubingwa kwa alama 8½ kwa 6½, na Kasparov hakushinda hata mchezo mmoja. Silaha ya Kramnik akiwa mweusi ilikuwa ulinzi uitwao Berlin: 1.e4 e5 2.Nf3 Nc6 3.Bb5 Nf6 4.O-O Nxe4 5.d4 Nd6 6.Bxc6 dxc6 7.dxe5 Nf5 8.Qxd8+ Kxd8. Malkia wameisha hatua ya 8, mfalme wa mweusi kapoteza haki ya kujificha, lakini hakuna wa kumshambulia. Baada ya hapo wachezaji wa e4 walihangaika kutafuta njia ya kukwepa ukuta huo, na wengi wakarudi kwa 3.Bc4 na d3, wakibakiza kete zote ubaoni. Carlsen, Anand, Caruana, wote wameutumia.

Mpangilio wa kawaida ni 3.Bc4 Bc5 4.c3 Nf6 5.d3 d6 6.O-O. Kila hatua ina kazi.

c3 inazuia farasi wa mweusi kutua d4, inaandaa d4 baadaye, na inampa askofu wa c4 njia ya nyuma (b3, c2). Ukiiacha ukaweka farasi c3, mweusi anacheza ...Na5 na kumla askofu wako mzuri: 4.O-O Nf6 5.d3 d6 6.Nc3 Na5 7.Bb3 Nxb3. Hujapoteza kete, ila umempa maaskofu wawili bila malipo. Kwa sababu hiyo hiyo utaona a4 mapema kwenye michezo ya leo: inazuia ...b5, na inamwachia askofu mraba wa a2.

Farasi wa b1 safari yake ni d2, f1, g3. Ili apite f1, ngome lazima iwe imeshahamia e1. Wanaomtoa farasi d2 kabla wanamfungia askofu wa c1, halafu farasi anasimama pale hatua nne akisubiri mlango. Mpangilio ni O-O, Re1, Nbd2, Nf1, Ng3. Tahadhari moja: Re1 inaiacha f2, hivyo ...Ng4 inaweza kuja. Re2 inatosha kulinda, lakini asiyependa usumbufu anatanguliza h3.

Mweusi naye: ...a6 na ...Ba7 ni hatua za kumweka askofu mbali na d4 na b4 zinazokuja kwa kasi, akiendelea kuitazama f2. ...h6 ya kuzuia Bg5. Kisha ...Re8, ...Be6 kubadilishana maaskofu.

Sasa Bg5. Hapa ndipo watu wanachinjwa. Kanuni: mfunge farasi wa f6 kwa Bg5 (akisogea, malkia aliye nyuma yake analiwa) pale ambapo mpinzani AMESHAMFICHA mfalme upande huo na wewe bado. Usifanye kinyume. Tazama kinyume kinavyokuwa:

1.e4 e5 2.Nf3 Nc6 3.Bc4 Bc5 4.O-O Nf6 5.d3 d6 6.Bg5? h6 7.Bh4? g5 8.Bg3 h5!

Mfalme wa mweusi bado yuko e8, kwa hiyo g5 na h5 hazimuumizi yeye, zinamwelekea mweupe. Mweupe anaona askari wa bure: 9.Nxg5 h4 10.Nxf7 hxg3! Farasi anamla malkia, 11.Nxd8, na mweusi anajibu 11...Bg4! 12.Qd2 Nd4. Malkia wa mweusi hayupo ubaoni na bado mweupe amekwisha. 13.h3 inakutana na 13...Ne2+ 14.Kh1 Rxh3+ 15.gxh3 Bf3#. Na 13.Nc3 Nf3+ 14.gxf3 Bxf3, mlinzi hakuna, chekimeti inakuja safu ya h. Mchezo huo ni Knorre dhidi ya Chigorin, St. Petersburg 1874. Dubois alishajua hatari hiyo alipocheza na Steinitz London 1862: baada ya 8...h5 yeye alizuia kwa 9.h4.

Miaka 150 imepita, na ukisimama nyuma ya mbao za vijana Jumamosi utaiona 6.Bg5 ikichezwa tena. Dawa kwa mweupe aliyeshakosea: hatua ya 7 asirudi h4. Ale f6 au arudi e3.

---

Chalii wa Ngarenaro

Mkuu hiyo ya Chigorin imenikalisha chini. Kwa hiyo 4.d3 Nf6 5.Nc3 d6 6.Bg5 kabla sijaficha mfalme inaruhusiwa?

---

Mama Farasi

Inaruhusiwa, na ni nzuri kwa watoto kwa sababu inafundisha mraba wa d5. 6...h6 7.Bxf6 Qxf6 8.Nd5 Qd8 9.c3, umepata hatua, farasi wako amekaa katikati. Mweusi asiyejua akiwahi kucheza O-O, unamfunga kwa Bg5, unaleta Nd5, unakula f6, na ukuta wake unabomoka. Ila mweusi anayejua atacheza 6...Na5, amtafute askofu wako. Hapo mchezo ni sawa, hakuna muujiza.

Niongeze mitego miwili ya kijiweni, maana inawapotezea watoto alama kila mara.

Wa kwanza: 3...Nd4. Mweupe anaona e5 iko wazi, 4.Nxe5? Qg5! 5.Nxf7 Qxg2 6.Rf1 Qxe4+ 7.Be2 Nf3#. Jibu ni rahisi: 4.Nxd4 exd4 5.O-O, mweusi amesogeza farasi mara mbili na amebaki na askari vibaya.

Wa pili ni wa Légal, Mfaransa wa karne ya 18, mwalimu wa Philidor, mchezaji mkubwa wa karne hiyo. 1.e4 e5 2.Nf3 d6 3.Bc4 Bg4 4.Nc3 g6? 5.Nxe5! Bxd1 6.Bxf7+ Ke7 7.Nd5#. Watoto wakishauona wanaanza kutoa malkia kila wakifungwa farasi. Angalia c6 kwanza! Kama farasi wa mweusi yupo c6, 5.Nxe5 inajibiwa 5...Nxe5, farasi huyo anamlinda askofu wa g4 na kumpiga wa c4 kwa pamoja, na umepoteza kete.

---

Mwamuzi wa Pasua (Moshi)

Salaam wote. Naongeza ya meza ya mwamuzi, kwa sababu ufunguzi huu unahusu kumficha mfalme mapema na ndipo makosa ya kanuni yanapotokea.

Shika MFALME kwanza, umsogeze miraba miwili, kisha ngome, kwa mkono mmoja. Ukigusa ngome kwanza halafu mfalme, kwa kanuni za FIDE, shirikisho la chesi la dunia, huruhusiwi kujificha upande huo kwa hatua hiyo. Ukigusa umecheza. Kwenye O-O ya hatua ya 6, hilo linakulazimisha kuisogeza ngome uliyoigusa kwanza, na ufunguzi wako umeharibika.

Ubao: mraba wa kona ya kulia kwa kila mchezaji uwe mweupe. Malkia kwenye rangi yake. Kwenye mechi za haraka ambazo mwamuzi mmoja anaangalia mbao nyingi, kila mmoja akishacheza hatua 10 hakuna tena madai ya ubao kugeuzwa au kete kupangwa vibaya. Na kama mfalme alipangwa kwenye mraba usio wake, kujificha hakuruhusiwi kabisa. Kagueni kabla ya kubonyeza saa.

Kete pia. Zile za kuchonga kwa ajili ya watalii, zenye Wamasai na twiga, ni nzuri kwa rafu ya sebuleni. Ukiwa na sekunde 20 huwezi kumtofautisha askofu na askari. Tumieni umbo la Staunton, lililotoka London mwaka 1849. Mfalme awe na urefu wa sentimita 9.5 hivi, mraba sentimita 5 hadi 6. Fundi wa mbao anayejua kukereza anaweza kuzitengeneza zote isipokuwa kichwa cha farasi, hicho kinataka mchongaji. Mwambie kitako cha mfalme kiwe karibu nusu ya urefu wake, vinginevyo zinaanguka kila upepo ukipita.

---

Bwana London

Sawa, nimekubali kusoma Kiitaliano. Nikiwa mweusi, kipi rahisi zaidi: 3...Bc5 au 3...Nf6?

---

Mlinzi wa f7

Karibu nyumbani mkuu. 3...Bc5, kama huna muda. 3...Nf6 inakudai ujue 4.Ng5 d5 5.exd5 Na5 mpaka hatua ya 10 angalau, pamoja na 8.Bd3 na 9.Nh3 alizotaja Mama Farasi. Kwa 3...Bc5 unahitaji vitu vitatu tu kichwani: dhidi ya d4 jibu ...exd4 na ...Bb4+ kisha ...d5 kwa wakati. Dhidi ya b4 kula na urudishe kwa njia ya Lasker. Dhidi ya d3 cheza...d6, ...a6, ...Ba7, na usiwahi kujificha kabla hujajua askofu wake wa c1 anakwenda wapi.

---

Mgeni wa drafti

Na mtu akinijia na malkia hatua ya tatu, Qh5?

---

Mama Farasi

1.e4 e5 2.Bc4 Nc6 3.Qh5 g6, siyo 3...Nf6?? maana 4.Qxf7#. Akirudi 4.Qf3, ndiyo ...Nf6. Akiendelea kuing'ang'ania f7 kwa 5.Qb3, cheza 5...Nd4! 6.Bxf7+ Ke7 7.Qc4 b5, malkia anafukuzwa na askofu wa f7 analiwa na mfalme.